Matembezi ya Bow na Poplar katika nyayo za George Lansbury: tathmini

Matembezi mengi ya kulipia jijini London huuza habari za wafalme, waigizaji wa filamu na wauaji wa zamani. Matembezi ninayoyatathmini hapa yanauza jambo lisilozoeleka katika biashara hiyo, yaani kazi ya kila siku ya mwanaharakati wa chama cha siasa: kugonga milango, kuandika majina, kukaa katika vikao virefu, kufungwa jela, kushindwa uchaguzi na kurudi mtaani wiki inayofuata. Mhusika wake ni George Lansbury, aliyezaliwa Suffolk mwaka 1859, akakulia mashariki mwa London, na akakiongoza chama cha Labour kuanzia mwaka 1932 hadi 1935. Huduma inaendeshwa na mtu mmoja, mwalimu mstaafu wa historia, ambaye hukutana na kikundi chake nje ya kituo cha treni cha Mile End Jumamosi asubuhi na kuagana nacho katika soko la Chrisp Street, Poplar, baada ya mwendo wa takriban saa tatu. Ada ni pauni 15 kwa mtu mzima, na watoto hawatozwi.

Nayapendekeza matembezi haya kwa moyo wote, hasa kwa wale miongoni mwetu tunaoishi London na tunaopita Bow Road kwa basi bila kujua ni barabara gani hiyo. Hata hivyo yana upungufu mmoja mkubwa, tena upungufu huo unatugusa watu wa Afrika Mashariki moja kwa moja, nami nitaueleza kwa kirefu nitakapofika mahali pake.

Kituo cha kwanza ni kona ya Bow Road na Harley Grove, palipokuwa na nyumba namba 39. Lansbury na mkewe Bessie walihamia hapo mwaka 1916, na mabomu ya Vita vya Pili vya Dunia yaliibomoa, kwa hiyo mgeni hukuta jengo la fleti na kumbukumbu ya mtu aliyewahi kuishi katika kiwanja hicho. Kiongozi dhaifu angesoma maandishi ya ukumbusho na kusonga mbele. Huyu wetu alitusimamisha palepale kwa muda mrefu na kutueleza mlango wa nyumba hiyo ulivyokuwa ukitumika. Watu wa Bow walikuja hapo wakiwa na notisi za kufukuzwa kwenye nyumba za kupanga, wakiwa wamenyimwa pensheni, wakiwa na mtoto mgonjwa au mume asiye na kazi bandarini, na mwenye nyumba, ambaye kwa nyakati mbalimbali alikuwa diwani, meya, mbunge na hata waziri, aliwasikiliza mmoja baada ya mwingine. Bessie alizaa watoto kumi na wawili, na nyumba hiyo ilikuwa wakati huohuo makazi ya familia, ofisi ya tawi la chama na mahali pa kuomba msaada. Sisi tuliokulia katika mitaa yenye balozi wa nyumba kumi tunaielewa hali hiyo upesi kuliko Mwingereza wa leo, kwa maana tumeona mtu mmoja akiwa uso wa chama, mpatanishi wa ugomvi na mwandishi wa barua kwa wakati mmoja.

Baada ya hapo kiongozi alifanya jambo ambalo sijawahi kuliona katika matembezi yoyote ya kihistoria. Alimpa kila mmoja wetu karatasi yenye orodha ya wapiga kura wa mtaa wa kubuni, akatufundisha namna wakala wa uchaguzi anavyoifanyia kazi. Unapita nyumba kwa nyumba ukiweka alama mbele ya kila jina: huyu ni wetu, huyu si wetu, huyu bado anasitasita. Siku ya kupiga kura hupotezi muda na wasio wako. Unafuata walioahidi, unahakikisha kila mmoja ametoka nyumbani, na kama ni mzee au mgonjwa unamtafutia usafiri. Ushindi katika jimbo lenye ushindani mkali hutegemea usahihi wa karatasi hiyo. Lansbury aliimudu kazi hiyo kabla hajawa mgombea. Katika miaka ya 1880 alikuwa mwanachama wa chama cha Liberal, akamsimamia Samuel Montagu uchaguzi wa Whitechapel, na mwaka 1889 akaiendesha kampeni ya Jane Cobden, mmoja wa wanawake wa kwanza kuchaguliwa katika Baraza la Kaunti ya London. Cobden alishinda, lakini wapinzani walikwenda mahakamani kudai kwamba mwanamke hana haki ya kukaa katika baraza hilo, na viongozi wa Liberal hawakuonesha ari ya kumtetea. Katika mwaka uleule Lansbury alijaribu kuuleta mbele ya mkutano wa chama hicho ushauri wa siku ya kazi ya saa 8, akakatizwa asiendelee. Muda si mrefu akaondoka na kuingia Social Democratic Federation, chama kidogo cha kisoshalisti ambacho mwaka 1895 kilimfanya mratibu wake wa taifa na kumzungusha nchi nzima akihutubia watu kwenye kona za barabara.

Karatasi ile ndiyo iliyoyashikamanisha matembezi yote, kwa kuwa kila tulipofika mahali papya kiongozi alituuliza ingetumikaje hapo. Ni ubunifu mzuri wa kufundishia, na peke yake unatosha kuhalalisha ada.

Pahali palipopitwa kwa haraka mno katika kituo hiki ni safari ya Australia. Mwaka 1884 Lansbury, akiwa kijana mwenye mke na watoto wadogo, aliamini matangazo yaliyowaahidi Waingereza maskini kazi na maisha mema ng'ambo, akaenda Queensland. Alikuta kazi za kuvunja mawe na za machinjioni, ujira mdogo na malazi mabaya, na mwaka uliofuata familia ikarudi London kwa fedha za baba mkwe. Alichofanya baada ya kurudi ndicho kinachopaswa kusimuliwa: alianza kuhutubia mikutano akieleza ukweli wa hali ya huko na kulaani propaganda ya uhamiaji. Hiyo ilikuwa kampeni yake ya kwanza, nayo ilitokana na njaa aliyoionja mwenyewe, si na vitabu. Wapo wasomaji wengi wa Kiswahili ambao ndugu zao wamepelekwa nchi za Ghuba na mawakala wenye ahadi za aina hiyohiyo, na kwao sehemu hii ya maisha ya Lansbury ina uzito kuliko ule iliyopewa. Sentensi mbili za kupita njia hazitoshi.

Kutoka hapo kikundi hutembea kuelekea mashariki hadi Electric House, ambako kuna saa ya ukutani ya kumkumbuka Minnie Lansbury, mkwe wa George, iliyokarabatiwa mwaka 2008. Minnie alikuwa binti wa familia ya Kiyahudi ya wahamiaji, mwalimu, mpigania haki ya wanawake kupiga kura, na mmoja wa madiwani wa Poplar waliofungwa mwaka 1921. Alifariki tarehe 1 Januari 1922 akiwa na umri wa miaka 32, wiki chache baada ya kutoka gerezani, na watu wa Bow waliamini kwamba kifungo ndicho kilichoudhoofisha mwili wake. Kiongozi husimulia kifo hiki kwa staha kubwa, na nilimwona mama mmoja katika kikundi chetu akifuta machozi.

Hata hivyo mpangilio hapa una kasoro. Matembezi hufuata barabara badala ya miaka, kwa hiyo tunaomboleza kifo cha diwani kabla hatujaambiwa alifungwa kwa kosa gani. Aliyewahi kusoma historia ya Poplar ataunganisha mambo mwenyewe, lakini mgeni, na hasa mgeni ambaye Kiingereza ni lugha yake ya tatu, hubaki akijiuliza ni gereza gani na ni ugomvi upi. Dakika tatu za utangulizi kuhusu mgogoro wa mwaka 1921, zikitolewa chini ya saa hiyo, zingeliondoa tatizo lote.

Kanisa la Bow, lililosimama katikati ya barabara huku magari yakipita pande zote mbili, ndicho kituo cha tatu. Mbele yake iko sanamu ya waziri mkuu Gladstone, iliyotolewa mwaka 1882 na Theodore Bryant wa kampuni ya viberiti ya Bryant & May, na mikono yake hupakwa rangi nyekundu kwa kumbukumbu ya wafanyakazi wa kiwanda hicho waliogoma mwaka 1888. Ni habari ya kuvutia, na kiwanda chenyewe kilikuwa jirani kabisa, ila imeshaelezwa na kila mtembeza wageni wa mashariki ya London, nasi tulikaa hapo muda mrefu kuliko ilivyostahili. Jambo lenye uhai zaidi liko upande wa pili wa barabara. Mwaka 1912 Sylvia Pankhurst alifungua ofisi ya kupigania kura za wanawake katika duka la Bow Road namba 198, na mwaka huohuo Lansbury, ambaye kwa wakati huo alikuwa mbunge wa Labour wa jimbo la Bow na Bromley tangu uchaguzi wa Desemba 1910, aliamua kuuhatarisha ubunge wake kwa ajili ya haki hiyohiyo.

Kisa hicho kimeelezwa vizuri sana. Mwezi Juni 1912 Lansbury alimwendea waziri mkuu Asquith ndani ya Bunge, akamkabili kwa hasira juu ya wanawake waliokuwa wakilishwa kwa nguvu magerezani, na Spika akamwamuru atoke nje. Mwezi Novemba alijiuzulu kiti, bila ridhaa ya uongozi wa chama chake, ili agombee upya akiwauliza wapiga kura swali moja tu la haki ya wanawake. Wapiga kura wote walikuwa wanaume. Mgombea wa Conservative, Reginald Blair, alipata kura 4,042, Lansbury akapata 3,291. Na hapa karatasi zetu zikarudi mikononi. Chama cha wanawake cha WSPU kilikuwa na magari ya kuwabebea wapiga kura siku hiyo. Wakala wa Lansbury alikuwa na orodha za majina na anwani. Kwa mujibu wa masimulizi ya Sylvia Pankhurst, pande hizo mbili zilikataa kukabidhiana, wanawake wakihofia kuwekwa chini ya amri ya wanaume, na wakala akikataa kuzitoa orodha zake, hadi saa za kura zikawa zinakwisha. Mtu aliyejifunza siasa kwa kuhakikisha kila jina kwenye orodha linafika kituoni alishindwa katika siku ambayo orodha zilikuwa mahali pamoja na magari mahali pengine. Sidai kwamba magari peke yake yangefuta pengo la kura 751, wala kiongozi hakudai hivyo. Lakini kwa yeyote aliyewahi kufanya kazi ya kampeni, hilo ni somo la mshikamano linaloeleweka vizuri zaidi kuliko hotuba kumi.

Lansbury hakurudi Bungeni hadi mwaka 1922, na katika miaka hiyo kumi alifanya mengi yaliyo makubwa. Mwaka 1913 alifungwa katika gereza la Pentonville kwa hotuba ya kuunga mkono mbinu za wanawake wanaharakati, akagoma kula, akaachiwa baada ya siku chache. Alilihariri gazeti la Daily Herald, ambalo halikuwa na fedha karibu wakati wote, akaliweka upande wa wapinga vita katika miaka ambayo kupinga vita kulimfanya mtu achukiwe na majirani zake. Mwaka 1920 alisafiri Urusi na kukutana na Lenin. Kiongozi aliyataja haya tukiwa njiani kuelekea kituo cha Bow Church kupanda treni ya DLR, na kelele za magari zilimeza nusu ya maneno yake. Hana kipaza sauti, na barabara hiyo haisikilizani na mtu yeyote. Mwenye matatizo ya kusikia akae karibu naye tangu mwanzo.

Nauli ya DLR hadi kituo cha All Saints haimo katika ada, nayo ni safari fupi. Ukishuka umeingia Poplar penyewe, na hapa ndipo huduma hii inapofikia ubora wake wa juu.

Tulianzia Poplar High Street, kwenye eneo lilipokuwa jengo la kuwahifadhi na kuwafanyisha kazi maskini wasio na mahali pa kwenda. Lansbury alichaguliwa katika bodi iliyosimamia jengo hilo mwanzoni mwa miaka ya 1890, na kiongozi alieleza bila kutia chumvi mageuzi yaliyofanywa na kikundi chake: chakula kinacholika, mavazi yasiyowatia watu aibu, watoto kutolewa katika hali ya kifungo na kupewa elimu. Alitaja pia kwamba uchunguzi wa serikali wa mwaka 1906 uliishutumu bodi hiyo kwa matumizi makubwa, jambo ambalo mshabiki wa Lansbury angeweza kulificha. Naheshimu uaminifu wa namna hiyo. Kutokana na kazi hii Lansbury aliteuliwa kuwa mjumbe wa Tume ya Kifalme ya kuchunguza sheria za maskini, na mwaka 1909 akatia saini ripoti ya wachache pamoja na Beatrice Webb, iliyotaka mfumo wote wa zamani uvunjwe.

Halafu tukafika Hale Street, penye mchoro mkubwa wa ukutani kuhusu uasi wa kodi wa mwaka 1921. Kodi hiyo ilitozwa kwa thamani ya majengo, na kila halmashauri ya London ililazimika kuwatunza maskini wake kwa kodi ya mipaka yake yenyewe. Halmashauri ya Poplar ilikuwa na vibarua wa bandarini, waliofukuzwa kazi baada ya vita, na nyumba za thamani ndogo. Westminster, yenye majumba ya kifahari na maduka makubwa, ilikuwa na maskini wachache na kodi nyingi. Kwa hiyo palipokuwa na shida kubwa ndipo palipotozwa viwango vya juu ili kupata kiasi kidogo. Juu ya hayo Poplar ilitakiwa kukusanya michango ya Baraza la Kaunti ya London, ya polisi, ya hospitali za bodi ya jiji na ya maji, sawa na kila halmashauri nyingine. Mwaka 1921 madiwani wa Labour, Lansbury akiwa mbele yao, waliamua kwamba hawataikusanya michango hiyo, na kwamba fedha za wakazi zitawatunza kwanza wasio na kazi.

Tarehe 29 Julai 1921 waliandamana kwa miguu kutoka Poplar hadi Mahakama Kuu, wakiwa nyuma ya bango lililotangaza kwamba halmashauri ya Poplar inakwenda mahakamani na huenda ikaishia gerezani. Walitii agizo la kufika na wakakataa agizo la kulipa. Mwezi Septemba madiwani 30 wakafungwa, wanaume Brixton na wanawake Holloway, na mmoja wa wanawake hao, Nellie Cressall, alikuwa mjamzito. Kilichofuata ndicho kinachonifanya niwahimize wazazi wawalete vijana wao mahali hapa. Wafungwa walidai haki ya kuendelea na vikao vya halmashauri, na serikali ikakubali. Madiwani wanawake wakawa wanaletwa kutoka Holloway hadi Brixton, na shughuli za Poplar zikaamuliwa ndani ya gereza. Lansbury alizungumza na umati kupitia dirisha la chumba chake. Serikali, kwa kuona kwamba halmashauri nyingine zinaelekea kufuata, ilitafuta njia ya kuwaachia, na baada ya takriban wiki sita walitoka. Mwaka huohuo Bunge likapitisha sheria ya kugawana gharama za kuwatunza maskini kati ya halmashauri tajiri na maskini za London.

Kiongozi alitumia sehemu kubwa ya muda wake hapa, akitusomea kumbukumbu za vikao na kutuuliza, mtu mmoja mmoja, tungepiga kura gani kama tungekuwa madiwani wenye watoto nyumbani. Alituelekeza pia kwenye jambo ambalo sikulitarajia: kabla ya uasi huo, mwaka 1920, halmashauri ya Poplar ilikuwa imepanga mshahara wa chini wa pauni 4 kwa wiki kwa wafanyakazi wake wote, wanawake sawa na wanaume. Mwaka 1925 majaji wa Baraza la Malodi walitamka kwamba ukarimu huo ni kinyume cha sheria. Usawa wa mshahara uliopiganiwa na wafagizi na wafuaji wa mtaa mmoja wa bandarini ulichukua karibu nusu karne kuwa sheria ya nchi, ilipopitishwa sheria ya mwaka 1970. Nilitamani kila mtu anayedhani kwamba siasa za udiwani ni siasa ndogo awe amesimama nasi mahali pale.

Kituo cha mwisho ni soko la Chrisp Street, ndani ya mtaa wa nyumba unaoitwa Lansbury, uliojengwa kama onyesho la ujenzi wa kisasa katika Tamasha la Uingereza la mwaka 1951. Mnara wa saa na uwanja wa soko vilibuniwa na Frederick Gibberd. Kiongozi aligusia hapa kipindi ambacho Lansbury alikuwa waziri wa majengo ya umma, kuanzia mwaka 1929, alipofungua sehemu ya kuogelea katika ziwa la Serpentine ndani ya Hyde Park na kuwawekea watoto viwanja vya michezo katika bustani za kifalme. Kisha akasema kwamba baada ya maanguko ya Labour katika uchaguzi wa mwaka 1931 mzee huyu alibebeshwa uongozi wa wabunge wachache waliosalia, kwamba aliuacha mwaka 1935, na kwamba alifariki tarehe 7 Mei 1940. Akatushukuru, tukaagana.

Hapo ndipo penye upungufu nilioutaja mwanzoni. Lansbury aliuacha uongozi kwa sababu ya Ethiopia. Alikuwa Mkristo aliyekataa vita kwa namna zote, na mwaka 1935, Mussolini alipokuwa akijiandaa kuivamia Ethiopia, chama cha Labour kilikutana Brighton kuamua kama kiunge mkono vikwazo vya Umoja wa Mataifa wa wakati huo, League of Nations, dhidi ya Italia, hata kama vikwazo hivyo vingeleta mapigano. Lansbury alisimama na kusema kwamba hawezi. Wajumbe walimpenda na kumshangilia, kisha Ernest Bevin wa chama cha wafanyakazi wa usafiri akamshambulia kwa maneno makali sana, akimshutumu kwa kuitembeza dhamiri yake kila kikao, na mkutano ukapitisha vikwazo kwa kura nyingi mno. Majeshi ya Italia yaliingia Ethiopia tarehe 3 Oktoba, wiki ileile. Siku chache baadaye Lansbury akajiuzulu, na nafasi yake ikachukuliwa na Clement Attlee, mbunge wa Limehouse, jimbo jirani.

Naamini Lansbury alikosea. Nchi ya Kiafrika iliyokuwa ikimiminiwa mabomu na gesi ya sumu ilihitaji zaidi ya sala na mikutano ya amani, na mwaka 1937 mzee huyu alikwenda kuonana na Hitler na Mussolini wenyewe akiamini bado wanaweza kushawishika. Nalisema hili nikiwa nampenda na kumheshimu, kwa sababu dhamiri ileile iliyompeleka gerezani kwa ajili ya wanawake na kwa ajili ya maskini wa Poplar ndiyo iliyomfikisha Brighton. Kuyaacha hayo nje ya matembezi ni kutupa nusu ya mtu, na nusu hiyo ndiyo inayoumiza.

Linalonisikitisha zaidi ni kwamba jibu la upande wa pili liko katika barabara ileile tuliyopita asubuhi. Sylvia Pankhurst wa Bow Road namba 198 aliichukua vita ya Ethiopia kuwa yake. Mwaka 1936 alianzisha gazeti la kila wiki la kuitetea nchi hiyo na kumtetea Haile Selassie, akaendelea nalo kwa miaka mingi, mwaka 1956 akahamia Addis Ababa, na alipofariki mwaka 1960 alizikwa kwa heshima za taifa mbele ya Kanisa Kuu la Utatu Mtakatifu. Wanaharakati wawili wa Bow, waliopigania pamoja kura za wanawake mwaka 1912, waliachana juu ya nchi yetu jirani. Mtaa mmoja ulizaa majibu yote mawili. Nilimweleza kiongozi jambo hili baada ya wengine kuondoka, naye alinisikiliza kwa makini, akasema kwamba wateja wake wengi hawaulizi kuhusu Ethiopia na kwamba muda humwishia kabla hajafika huko. Nadhani muda upo. Robo saa inayotumika kwa sanamu ya Gladstone ingetosha.

Kwa upande wa huduma yenyewe, sina malalamiko makubwa. Kikundi huwa kidogo kiasi kwamba kila mtu anapata nafasi ya kuuliza, kiongozi hufika kabla ya wageni, na nakala za picha anazozionesha ni safi na zinasomeka. Njia ni tambarare na inafaa kwa kiti cha magurudumu, na vituo vyote vya DLR vina lifti au njia za mteremko. Hakuna sehemu ya kukaa kati ya Electric House na kanisa, kwa hiyo wazee wajiandae. Viatu vizuri na mwavuli ni lazima, kwa kuwa matembezi hayaahirishwi kwa sababu ya mvua. Kiongozi huzungumza Kiingereza pekee, kwa mwendo wa wastani, na hakasiriki akiombwa kurudia.

Ninayapa nyota nne kati ya tano. Anayekusudia kwenda atenge mchana pia, kwa sababu Maktaba ya Historia na Hifadhi ya Nyaraka ya Tower Hamlets iko Bancroft Road, karibu na kituo cha Mile End, na huko mtu huruhusiwa bila malipo kuomba na kusoma kumbukumbu za halmashauri ya Poplar. Siku za kufunguliwa hubadilika, kwa hiyo aulize kabla ya kuondoka nyumbani. Na atakapofika Chrisp Street, kabla kiongozi hajawashukuru wageni wake, ainue mkono na aulize kuhusu Brighton na mwaka 1935.